Muulize Mwalimu wa Hesabu: Arobaini na tano iliyoshindwa na sita

Toleo lililopita nilifunga safu hii kwa swali dogo la kujipima, nikidhani watoto watalijibu na wazazi watapumzika. Ikawa kinyume: walioandika ni wazazi, na wengine waliandika kwa hasira. Swali lilikuwa hili: panga namba hizi kuanzia ndogo kwenda kubwa: 0.7, 0.65, 0.605, 0.07, 0.699. Jibu nitalitoa njiani, maana barua za mwezi huu karibu zote zinalizunguka.

Shikamoo Mwalimu. Binti yangu yuko darasa la nne. Aliulizwa ipi kubwa kati ya 0.45 na 0.6, akachagua 0.45. Nilipomuuliza sababu alinitazama kana kwamba mimi ndiye sijasoma: "Mama, kwani arobaini na tano si kubwa kuliko sita?" Nimemweleza mara tatu. Anaitikia vizuri, kesho yake anarudia kosa lile lile. Nifanye nini? (Mama wa darasa la nne)

Marahaba, mama. Kwanza usimwone mzito. Binti yako anatumia kanuni ya kweli, aliyofundishwa tangu darasa la kwanza na ambayo haijawahi kumwangusha: namba yenye tarakimu nyingi ndiyo kubwa. 45 inaizidi 6, 605 inaizidi 65, na alipata vyema kila mara. Kisha siku moja mtu akatia nukta ubaoni, kanuni ikafa, na hakuna aliyetangaza msiba.

Sasa msikilize anavyosoma. Nina hakika anasema "sifuri nukta arobaini na tano". Hapo ndipo kosa linapozaliwa, kabla hata ya kushika kalamu. Arobaini na tano ya nini? Ya mia. Na ile sita? Ya kumi. Majina hayo yamekatwa, zikabaki 45 na 6 zikisimama uchi, na mtoto yeyote mwenye akili timamu atachagua 45. Ni kama kumwambia dakika 45 ni nyingi kuliko saa 6 kwa sababu 45 ni kubwa kuliko 6.

Kwa hiyo kuanzia leo nyumbani kwenu isomeni "sifuri nukta nne tano". Mtu mzima akiteleza, mtoto amsahihishe. Watapenda sana kazi hiyo. Wakati mwingine isomeni kwa jina lake kamili: nne za kumi na tano za mia. Ni ndefu, najua, lakini urefu wake ndio dawa.

Usimweleze mara ya nne. Chukua ukanda wa karatasi wenye urefu wa meta moja. Ugawe vipande kumi sawa kwa kupiga mistari kila baada ya sentimeta 10, lakini usiandike namba yoyote juu yake. Hilo ni muhimu. Ukimpa rula yenye namba ataona 60 na 45, atasema 60 ni kubwa, atapata jibu sahihi, na hatakuwa amejifunza kitu. Amerudi kwenye namba nzima kwa mlango wa nyuma. Ukanda uwe mtupu. Mwambie huo wote ni moja. Mwulize: 0.6 inamaliza vipande vingapi? Sita. 0.45 inamaliza vingapi? Vinne, halafu inaingia kidogo ndani ya cha tano. Kigawe hicho cha tano vipande vidogo kumi, ahesabu vitano. Aweke kidole pale. Kidole cha 0.45 kiko nyuma ya kidole cha 0.6, na hakuna maneno yako wala yangu yatakayomshawishi kama vidole vyake mwenyewe.

Halafu mwulize swali ambalo mimi nalipenda kuliko yote: hivyo vidogo vikiongezeka, vitaweza lini kufika mwanzo wa kipande cha sita? Vikiwa tisa, bado. Inahitajika kumi kujaza kipande kimoja. Ukiongeza vidogo vya vidogo, yaani sehemu za elfu, hata tisa zake, bado. 0.4999 ina tarakimu nne baada ya nukta na haijaifikia 0.5. Mwache alale na hilo.

Mwalimu mwenzangu, salaam. Nafundisha darasa la tano. Njia yangu ni moja: kama namba hazilingani kwa urefu, ongeza sifuri mwishoni hadi zilingane, kisha linganisha kama namba nzima. 0.6 inakuwa 0.60, na 60 inaizidi 45. Wanafunzi wanapata. Mwenzangu ofisini anadai nawapa njia ya mkato badala ya hesabu. Tuamulie. (Mwalimu wa darasa la tano)

Wewe huna kosa la hesabu. 0.6 na 0.60 ni namba ile ile: sita za kumi ni sawa na sitini za mia. Lakini mwenzako ana hoja, na nitamtetea kwa aibu yangu mwenyewe.

Nilifundisha hesabu za msingi miaka thelathini na moja. Kwa miaka kumi na kitu ya mwanzo, mazoezi yangu ya desimali yote yalikuwa na namba za urefu mmoja: 0.34 na 0.52, 1.75 na 1.57, 3.08 na 3.80. Nilipenda mistari minyoofu ubaoni. Wanafunzi walipata zote, nami nikaandika "vizuri sana" kwa wino mwekundu nikaenda zangu. Ukija mtihani uliotungwa na mtu mwingine, wenye 0.5 kando ya 0.125, darasa linaanguka. Nilisema mtihani ni mgumu. Nilisema mengi. Ukweli ni kwamba urefu ukilingana, nukta haina kazi yoyote. Unaweza kuifuta na jibu likabaki sahihi. Nilikuwa nawafundisha kuidharau.

Kuongeza sifuri kunafanya jambo hilo hilo kwa ustadi zaidi: kunamrudisha mtoto kwenye namba nzima anazozijua, na nukta inasahaulika. Siku akisahau sharti la "mwishoni", anaibandika sifuri popote. Nimeona 0.5 ikigeuzwa 0.05 "ili ilingane na 0.12", na mtoto akaapa kwamba ndivyo mwalimu alivyosema. Mwalimu mwenyewe nilikuwa mimi.

Basi wape njia yako, lakini iwe ya pili. Ya kwanza iwe kulinganisha nafasi kwa nafasi kutoka kushoto. Anza na namba nzima zilizo kabla ya nukta. Zikitofautiana, kazi imeisha: 2.1 inaizidi 1.999 na hatuna haja ya kuitazama hiyo misururu ya tisa. Zikilingana, nenda nafasi ya sehemu za kumi. Zikilingana tena, za mia. Nafasi ya kwanza inayotofautiana ndiyo inayoamua, na yote yanayoifuata kulia hayana tena kauli. Nafasi iliyo tupu hesabu ni sifuri. Ni hayo tu.

Ukitaka kuwasaidia waone nafasi, fanya alivyofanya Mflemi (mtu wa Ubelgiji ya leo) Simon Stevin mwaka 1585 alipochapisha kijitabu chake cha kuwafundisha watu desimali. Hakutumia nukta. Kando ya kila tarakimu aliweka duara dogo lenye namba ya nafasi: 0 kwa mamoja, 1 kwa sehemu za kumi, 2 kwa sehemu za mia, na kuendelea. 0.45 kwake ilikuwa na 4 yenye duara la 1 na 5 yenye duara la 2. Ni uandishi wa kuchosha, ndiyo maana umeachwa, lakini kwa wiki moja darasani hauna mpinzani. Mtoto hawezi kulinganisha 4 ya duara la 1 na 6 ya duara la 1 halafu akachagua 4.

Jambo jingine, na hili ndilo ningetamani mtu angeninong'oneza mapema. Wanaokosea desimali si kundi moja. Kundi la kwanza ni la binti wa mama aliyeandika hapo juu: ndefu ndiyo kubwa. Kundi la pili ni kinyume chake kabisa, na mara nyingi ni watoto wasikivu. Walisikia kwamba sehemu ya mia ni ndogo kuliko sehemu ya kumi, ambayo ni kweli, wakahitimisha kwamba namba yoyote yenye sehemu za mia ni ndogo kuliko isiyo nazo. Kwao 0.45 ni ndogo kuliko 0.3, kwa kuwa "ile ni ya mia". Fupi ndiyo kubwa.

Angalia sasa balaa lilipo. Mpe mtoto wa kundi la pili 0.45 na 0.6: atachagua 0.6, utamtia vyema. Mpe wa kundi la kwanza 0.45 na 0.3: atachagua 0.45, utamtia vyema. Wote wawili wamekosea kimawazo na wote wawili wana alama. Kwa hiyo usiulize swali moja. Uliza yote mawili, mfululizo: 0.45 na 0.6, halafu 0.45 na 0.3. Dakika moja inatosha kukuonyesha nani anahitaji nini. Anayepata yote mawili mpe 4.08 na 4.7, maana kuna kundi la tatu linaloiona 08 kuwa ni 8 tu.

Hata majibu ya swali langu la mwezi uliopita yaligawanyika hivyo hivyo. Wapo walioandika 0.7 na 0.07 zinalingana, kisha 0.65, 0.605, 0.699: hao wanasoma 7, 7, 65, 605, 699. Wapo walioandika 0.605, 0.699, 0.07, 0.65, 0.7: za elfu kwanza, kisha za mia, kisha ya kumi, na ndani ya kila fungu wamepanga sawasawa. Hawa wa pili walinifurahisha. Kosa lao lina mpango. Jibu ni 0.07, 0.605, 0.65, 0.699, 0.7.

Shikamoo Mwalimu. Baada ya 0.9 inakuja 0.10 au 1.0? Mimi nilisema 1.0. Kaka yangu anasema 0.10, na anasema hata programu za kompyuta zinafuata hivyo. (Mwanafunzi, miaka 11)

Marahaba, mwanangu. Ukihesabu kwa sehemu za kumi, 0.7, 0.8, 0.9, inayofuata ni 1.0. Tisa za kumi ukiongeza moja ya kumi zinakuwa kumi za kumi, yaani nzima. 0.10 ni moja ya kumi tu, ni 0.1 iliyovaa sifuri, umeshaipita kitambo.

Lakini usimcheke kaka yako, kwa sababu alichokiona ni kweli. Lugha ya kompyuta iitwayo Python ilitoa toleo la 3.9 mwaka 2020, na mwaka 2021 likafuata la 3.10. Kama hizo zingekuwa desimali, wangekuwa wamerudi nyuma hadi 3.1. Sio desimali. Nukta ile ni ukuta kati ya namba mbili: kizazi cha tatu, toleo la kumi. Ndivyo pia vitabu vya kiada vinavyotaja sehemu zake. Sehemu ya 3.10 huja baada ya 3.9, na hakuna anayelalamika.

Ndiyo maana huwa nawaambia walimu wasianze desimali kwa hela. Kwenye hela nukta inafanya kazi ya ukuta pia: upande huu noti, upande ule senti, kila upande unasomwa peke yake kama namba nzima, na siku zote ni tarakimu mbili. Mtoto anaizoea hela haraka na desimali zinamchelewa. Najua wengi hawakubaliani nami hapa. Waandike.

Kwa kifupi: kwenye programu kaka yako ana haki, kwenye daftari la hesabu huna mpinzani.

Mwalimu, mimi nasimamia maktaba ndogo ya shule. Watoto wakirudisha vitabu vya wadudu rafuni wanaweka 595.79 kabla ya 595.789, kila siku. Nimechoka kupanga upya. Kuna njia ya kuwaeleza bila kuanza somo zima la hesabu? (Mkutubi)

Ipo, na iko kwenye rafu nyingine ya hapo hapo maktabani kwako. Chukua kamusi.

Mpango unaoutumia ni wa Mmarekani Melvil Dewey, uliotoka mwaka 1876, na siri yake yote ni desimali. 595.7 ni wadudu kwa jumla. Ukiongeza tarakimu unaingia ndani zaidi, hadi 595.789 ambako ndiko kwa vipepeo, na 595.799 kwa nyuki. Uzuri wake ni kwamba kati ya namba mbili zozote kunaweza kuingizwa somo jipya bila kugusa kitabu kingine. Namba nzima zisingekupa nafasi hiyo.

Sasa waulize watoto wako: kwenye kamusi, neno "barabara" liko kabla au baada ya "ua"? Kabla, watasema wote. Mbona ni refu, lina herufi nane na "ua" lina mbili? Watakuambia urefu hauhusiki, b iko kabla ya u. Basi. Tarakimu zinazofuata nukta zinapangwa kama herufi za kamusi. Unaanza kushoto, unalinganisha ya kwanza kwa ya kwanza, ya pili kwa ya pili, na mara zinapotofautiana umepata jibu. 789 na 79: saba kwa saba, zinalingana, nane kwa tisa, nane ni ndogo. 595.789 inatangulia. Hakuna anayeuliza ipi ndefu.

Na "kata" hutangulia "katani" kama 595.7 inavyotangulia 595.79. Mfano huu unaachana na hesabu mahali pamoja tu: kamusi haina herufi ya bure, lakini desimali ina sifuri ya mwishoni isiyobadilisha kitu. 0.4 na 0.40 ni kitu kimoja, ila "kata" si sawa na neno lolote refu kuliko hilo.

Huu mfano wa kamusi niliupata nimeshazeeka, kwa kweli nilipoanza kutumia kompyuta. Nilihifadhi mafaili ya mitihani kwa majina 1, 2, 3 hadi 12, na programu moja ikayapanga 1, 10, 11, 12, 2, 3. Nilikasirika, kisha nikacheka. Mashine ilikuwa inasoma namba zangu kama maneno. Kwa namba nzima ni ujinga. Kwa tarakimu zilizo baada ya nukta ndiyo akili yenyewe.

Mwalimu, nilitoa mfano wa mbio darasani: 9.58 na 9.69. Mwanafunzi akasema 9.69 ni kubwa kwa hiyo ndiye mshindi. Nikajikuta sijui kama nimtie vyema au kosa. (Mwalimu mgeni kazini)

Mtie vyema kwenye hesabu. 9.69 ni kubwa kweli: mamoja yanalingana, kwenye sehemu za kumi sita inaizidi tano. Alichokosa ni swali jingine kabisa, kwamba kwenye mbio sekunde chache ndizo zinazotakiwa. Usain Bolt alikimbia meta 100 kwa 9.69 Beijing mwaka 2008, na mwaka uliofuata kule Berlin kwa 9.58. Alijishinda mwenyewe kwa kupunguza. Kwenye miruko, kubwa ndiyo inayoshinda. Nakushauri uitumie mifano ya aina zote mbili kusudi, na ukatenganishe maswali: ipi namba kubwa? Halafu, nani kashinda? Ukiyachanganya utamsahihisha mtoto kwenye kitu alichokuwa anakijua.

Na kwa kuwa umenigusa kwenye michezo, ngoja nikuongezee mifano miwili ninayoipenda. Michezo ya Olimpiki ya Munich mwaka 1972, kuogelea meta 400 mitindo mchanganyiko, Gunnar Larsson wa Uswidi na Tim McKee wa Marekani walimaliza wote kwa dakika 4 na sekunde 31.98. Wakatazama sehemu za elfu: 31.981 na 31.983. Dhahabu ikaenda kwa Larsson. Andika hizo mbili ubaoni uwaulize watoto zinatofautiana kwenye nafasi ya ngapi. Baadaye kanuni za kuogelea zilibadilishwa, zikaishia sehemu za mia, na wanaolingana hapo hugawana nafasi. Ndivyo ilivyotokea Rio mwaka 2016, watu watatu wakapata medali ya fedha kwa 51.14 kwenye meta 100 za kipepeo. Mwulize mtoto mdadisi: je, wale watatu walilingana kweli? Kwa sehemu za mia, ndiyo. Zaidi ya hapo saa haikusoma.

Wa pili ni Nadia Comăneci wa Romania, mcheza jimnastiki, Olimpiki ya Montreal mwaka 1976. Alipata alama kumi kamili, na ubao wa matokeo ukaonyesha 1.00, kwa sababu haukuwa umetengenezwa kuonyesha kumi. Tarakimu zile zile, moja na sifuri mbili, nukta imekaa si pake. Sijapata mfano bora wa kueleza nukta inafanya kazi gani.

Mwanangu anachanganya alama za > na <. Nimwambie akariri vipi? (Baba mwenye haraka)

Asikariri. Upande uliopanuka uko kwenye namba kubwa, ncha iko kwenye ndogo. Alama hizi zilionekana kwenye kitabu cha Mwingereza Thomas Harriot kilichochapwa mwaka 1631, miaka kumi baada ya kufa kwake, na kwa karibu karne nne zimefuata kanuni hiyo moja. Akichanganya bado, aandike kwanza neno "ndogo" au "kubwa" kuliko, alama baadaye. Ila hakikisha tatizo ni alama kweli. Mara nyingi mtoto ameiandika alama vizuri na namba ndizo alizozipindua kichwani.

Je, kati ya 0.3 na 0.4 kuna namba? Mwalimu wetu alisema zipo, rafiki yangu anasema zinafuatana. (Darasa la sita)

Zipo, nyingi kuliko utakavyomaliza kuandika. 0.31, 0.35, 0.3007, 0.399999. Cheza na rafiki yako hivi: yeye ataje namba iliyo kati ya 0.3 na 0.4, wewe utaje iliyo kati ya 0.3 na hiyo yake, yeye ataje iliyo kati ya 0.3 na yako, hadi mmoja ashindwe. Nawaonya mapema kwamba hakuna atakayeshindwa isipokuwa kwa usingizi. Desimali hazina "inayofuata" mpaka mkubaliane mnahesabu kwa sehemu gani.

Nimepata kitabu cha hesabu kutoka Ufaransa, kimeandika 0,45 kwa mkato. Ni kosa la uchapaji? (Msomaji)

Si kosa. Nchi nyingi zinatumia mkato mahali pa nukta, na mwaka 2003 mkutano mkuu wa kimataifa wa vipimo na mizani ulikubali alama zote mbili. Namba ni ile ile na inalinganishwa vile vile. Angalia tu usiikute 1,250 ukaisoma moja nukta mbili tano sifuri kumbe mwandishi alimaanisha elfu moja mia mbili na hamsini.

Tumebishana mimi na mwenzangu. Mimi nasema 0.8999 ni kubwa kuliko 0.9. Tumekubaliana utakalosema wewe ndilo la mwisho. (Mbishi)

Mwenzako ndiye mkweli. 0.9 ni kubwa, kwa moja ya elfu kumi tu, lakini ni kubwa.